Sauti Isiyobisha Hodi



Sisi watu wa pwani tumelelewa kwa hodi. Mgeni hufika mlangoni akasimama kando ili jicho lake lisitangulie ndani, akabisha mara ya kwanza, ya pili na ya tatu. Asipoitikiwa hurudi zake bila ya kinyongo. Asili ya adabu hiyo imo katika Sura ya An-Nur, na humo pia limetajwa jambo ambalo wengi wetu hulisahau: hata watoto wa nyumbani wanatakiwa waombe ruhusa katika nyakati tatu, nazo ni kabla ya alfajiri, wakati wa mapumziko ya adhuhuri na baada ya isha. Hizo ni saa ambazo watu hujistarehesha, wakavua walichojisitiri nacho.

Mwezi wa Agosti uliopita nilishuhudia mtu mzima asiyejulikana akiwa ndani ya nyumba ya dada yangu baada ya isha. Alikuwa na mtoto, tena akisikiliza mazungumzo ya wanawake, na hakuwa amepiga hodi hata mara moja. Hakupitia mlangoni. Alipitia katika mchezo wa simu, na aliyemfungulia njia ni mimi.

Sitaingia leo katika hukumu ya mchezo wenyewe, kwani hilo lina mahali pake. Nataka tuzungumze juu ya ile sauti inayopita ndani ya mchezo: namna inavyofunguliwa, namna inavyofungwa, na nani mwenye haki ya kuifungua.

Nyumba ya Kasikeu

Dada yangu ameolewa, na sasa anakaa Kasikeu, kaunti ya Makueni, katika nchi ya Ukambani ambayo wasafiri wengi wa Mombasa huipita usiku wakiwa wamelala ndani ya basi. Mji wa karibu ni Sultan Hamud, na jina hilo si geni kwetu. Reli ilipofika hapo mwaka 1898, Sultani Hamud bin Muhammad wa Zanzibar alikuja kuitazama, na stesheni ikabaki na jina lake. Basi pwani na sehemu hizo zimejuana zamani.

Shemeji yangu alihamishia biashara yake huko miaka miwili iliyopita. Watu wazima walizoea upesi. Aliyepata taabu ni mwanao wa kiume, mwenye umri wa miaka 12. Mombasa alikuwa amezungukwa na binamu zake, wakitoka chuoni pamoja na kucheza mpira pamoja. Kasikeu hakuwa na mwenza wa jioni, na Kikamba cha wenzake wa shuleni kilikuwa bado hakijamkaa ulimini. Binamu zake ndio walioleta shauri kwamba wacheze pamoja kwa simu, kila mtu akiwa kwao, wakiwa kikosi kimoja na huku wakizungumza.

Nilipokwenda kuwatembelea nilichukua simu ya zawadi, na mimi mwenyewe ndiye niliyeuweka mchezo. Ulipoulizwa mwaka wa kuzaliwa, niliandika wa kwangu ili mambo yaende haraka. Simu ilipouliza kama programu hii iruhusiwe kutumia maikrofoni, nikabonyeza “Ruhusu” bila ya kusoma. Dakika chache baadaye sauti za wapwa zangu wa Mombasa zikajaa chumbani: “Upo? Nimekuona! Nifuate!” Mtoto alicheka kicheko ambacho mama yake hakukisikia tangu wahame. Nikajisifu moyoni kwamba nimeunga undugu.

Usiku wa Agosti

Ilikuwa likizo ya shule. Shemeji alikuwa amekwenda Nairobi kununua mali ya duka, na angelala huko. Dada yangu alikuwa na wageni wawili, majirani zake, wameketi mkekani sebuleni, buibui na mitandio imewekwa kando kwa kuwa nyumba ilikuwa ya wanawake watupu. Mimi nilikuwa nje barazani. Mpwa wangu alikuwa pembeni mwa sebule na hedifoni masikioni, akicheza.

Ndugu yake mdogo alipita mbio, mguu ukanasa waya, na hedifoni zikachomoka kwenye simu. Sauti ya mwanamume mzima ikatoka wazi katikati ya chumba:

“Kwa hivyo leo baba analala Nairobi?”

Wanawake walinyamaza. Sauti ikaendelea: “Mbona kimya? Mama amekuja?”

Nilisikia dada yangu akiniita, “Kaka! Kaka, njoo!” Nilipobisha hodi na kuruhusiwa kuingia, simu ilikuwa imezimwa na mtoto analia.

Tulimuuliza kwa upole, kidogo kidogo. Akaapa kwamba hakumwambia mtu yeyote habari za safari ya baba yake, na alikuwa mkweli. Maikrofoni ilikuwa wazi muda wote. Aliyesema kwamba mumewe atalala Nairobi ni dada yangu mwenyewe, alipokuwa akizungumza na wageni wake. Yule mtu alikuwa ameketi nao mkekani bila ya wao kujua.

Ujuano wao ulikuwa wa majuma matatu. Binamu wa Mombasa wasipokuwapo, mchezo hujaza nafasi zilizobaki kwa mchezaji yeyote aliyepo, na siku moja nafasi ilijazwa na yeye. Alikuwa hodari, akamlinda mtoto mchezoni, akamzawadia mavazi ya kupamba mchezaji wake. Baadaye akauliza anakaa mji gani, kisha akataka namba ya WhatsApp, kisha akataka picha. Mtoto alikuwa ameshatoa jina la mji na namba. Picha, alhamdulillahi, ilikuwa bado.

“Kwa nini hukutuambia?” nikamuuliza.

“Niliogopa mtaufuta mchezo, mjomba. Nisingewasikia tena binamu zangu.”

Wazazi wenzangu, jibu hilo lilinikosesha usingizi kuliko sauti ya yule mtu. Mtoto hakuficha kwa kuwa alimpenda mgeni. Alificha kwa kuwa alijua namna tunavyohukumu: tukiona nyoka ndani ya nyumba, tunachoma nyumba. Na si yeye peke yake. Mwaka 2021 mashirika ya ECPAT, INTERPOL na UNICEF yalitoa ripoti juu ya dhuluma za mtandaoni kwa watoto wa Kenya, na moja ya mambo yaliyoonekana ni kwamba ni nadra mtoto kwenda polisi au kupiga simu ya msaada. Akisema, humwambia rafiki au jamaa wa karibu. Basi sisi jamaa wa karibu ndio mlango wake, na mlango huo tukiufunga kwa vitisho hana pengine pa kwenda.

Sauti hupita wapi

Watoto wetu hucheza Free Fire ya kampuni ya Garena ya Singapore, iliyotoka mwaka 2017; PUBG Mobile ya mwaka 2018; Call of Duty: Mobile ya mwaka 2019; na Roblox. Majina hubadilika, lakini njia ya sauti ni ile ile. Maikrofoni hunasa sauti, programu huikatakata vipande vidogo na kuibana, intaneti huvipeleka kwenye kompyuta za kampuni, na kutoka huko huvisambaza kwa kila aliye katika kikosi kile. Yote hayo hufanyika katika sehemu ndogo ya sekunde.

Tofauti yake na simu ya kawaida ni kubwa. Simu ya kawaida hulia, huonyesha namba, na mtu huamua kupokea au kutopokea. Katika mchezo hakuna kulia wala kupokea. Ukishawekwa katika kikosi, wote wenye maikrofoni wazi wamo. Tena maikrofoni haichagui. Hunasa redio, kilio cha mtoto mchanga, ugomvi wa jikoni na siri ya sebuleni. Ndiyo maana nasema jambo hili ni la mama kabla ya kuwa la mtoto: sauti yake husafirishwa naye hakuulizwa.

Wengine hudhani kwamba jambo la namna hii lingegunduliwa upesi kwa kuwa lingemaliza bando. Sivyo. Sauti inayotumwa kwa kilobiti 32 kwa sekunde hutumia takriban megabaiti 14 kwa saa nzima kwa upande mmoja. Mzee anayepima matumizi kwa bando hataona kitu.

Wala tusidhani kwamba kampuni zitatufungia mlango kwa hiari yao. Desemba 2022 Tume ya Biashara ya Shirikisho la Marekani, FTC, ilitangaza kwamba Epic Games, wenye mchezo wa Fortnite, wamekubali kulipa dola milioni 520. Kati ya hizo, milioni 275 zilikuwa faini ya kuvunja sheria ya faragha ya watoto, na milioni 245 za kuwarudishia wachezaji fedha za manunuzi waliyoingizwa kwa hila. Moja ya malalamiko ya tume ni kwamba mazungumzo ya sauti na maandishi yalikuwa yamefunguliwa tangu mwanzo, huku watoto wakiunganishwa na wageni. Na kitufe cha kuyafunga kilipoletwa baadaye, kiliwekwa mahali pagumu kuonekana. Kampuni ikatakiwa iyafunge tangu mwanzo kwa watoto na vijana. Funzo lake kwetu ni hili: usipochagua wewe, umeshachaguliwa.

Tulilolifanya usiku ule

Hatukumjibu yule mtu. Kabla ya kumzuia tulipiga picha ya skrini yenye jina lake la mchezo na namba yake ya mchezaji, pamoja na ujumbe wake wa WhatsApp, kwani ukishafuta umefuta ushahidi. Kisha tukamripoti ndani ya mchezo, tukamzuia kote kuwili. Usiku huo mimi nililala barazani. Asubuhi tulipiga 116, simu ya bure ya kusaidia watoto nchini Kenya, inayopokelewa usiku na mchana, tukaelekezwa vizuri. Ni vyema kila mama aijue namba hiyo. Ajue pia kwamba Sheria ya Watoto ya mwaka 2022 inahesabu dhuluma ya mtandaoni dhidi ya mtoto kuwa kosa, na kwamba Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inataka ridhaa ya mzazi kabla ya habari za mtoto kutumiwa. Yule mtu alikuwa nani, hatukujua mpaka leo.

Shemeji aliporudi alitaka kuivunja simu juu ya jiwe. Nikamwambia, “Shemeji, ni nyumba yako na ni haki yako. Lakini kosa la kwanza ni langu. Nipe mpaka Ijumaa.” Akanipa. Katika siku hizo tuliketi, baba, mama, mtoto na mimi, tukaupitia mchezo kitufe kwa kitufe. Haya ndiyo tuliyoyafuata, na kila nyumba yaweza kuyafuata.

Kwanza, umri wa kweli. Michezo kadhaa huamua kwa umri nani afunguliwe sauti. Roblox, kwa mfano, ilipoanzisha mazungumzo ya sauti mwaka 2021 iliwapa wenye umri wa miaka 13 na zaidi waliothibitisha umri wao. Mimi nilipoandika mwaka wangu, nilimfanya mtoto wa miaka 12 kuwa mzee wa miaka hamsini na kitu, na kinga zote zikamruka. Tulifuta akaunti ile, tukafungua nyingine.

Pili, ruhusa ya simu. Katika simu za Android ingia Mipangilio, kisha Programu, chagua mchezo, kisha Ruhusa, kisha Maikrofoni. Hapo utachagua kukataa kabisa, kuulizwa kila mara, au kuruhusu mchezo unapotumiwa tu. Kwa mtoto mdogo kataa kabisa. Mchezo utachezeka bila ya sauti yake. Kwa mkubwa kidogo chagua kuulizwa kila mara. Simu za Android 12 na za baadaye huonyesha alama ya kijani juu ya skrini maikrofoni inapotumika, na iPhone huonyesha nukta ya rangi ya chungwa. Mfundishe kila aliye nyumbani, hata bibi, aijue alama hiyo.

Tatu, mipangilio ya ndani ya mchezo. Bonyeza kile kialama cha gurudumu lenye meno, utafute sehemu ya sauti. Mna mambo mawili yasiyofanana: sauti ninazozisikia, na sauti yangu inayosikika. Yafunge yote mawili kwanza, kisha ufungue unachokitaka. Jihadharini na neno “kikosi”. Kikosi si marafiki. Ukichagua kusikilizana na kikosi huku mchezo unajaza nafasi wenyewe, umemkaribisha yeyote. Zimeni kule kujaziwa wachezaji, na mtoto acheze na walioalikwa kwa majina tu. Orodha ya mpwa wangu ina watu watano, wote wa damu.

Nne, penye nafasi ya kubonyeza ndipo uzungumze, ichagueni. Maikrofoni hubaki imefungwa mpaka kidole kibonyeze, na maneno ya jikoni hubaki jikoni.

Tano, sauti isikike sebuleni. Hedifoni zimeondolewa kwa mchezo wa sauti katika nyumba ile. Wakiwa wawili chumba kimoja, sauti ya simu moja huingia katika maikrofoni ya nyingine ikarudi kama mwangwi. Hapo mmoja huvaa hedifoni sikio moja tu. Za waya ni bora kuliko za Bluetooth, kwani nyingi za hizo hupunguza ubora wa sauti na kuichelewesha pindi maikrofoni yake inapotumika.

Sita, maneno yaliyo mwiko. Jina kamili, shule, mji, duka la baba, nani yupo nyumbani na nani hayupo, namba ya simu na picha: hayo hayatamkwi mchezoni. Na atakayemwambia mtoto “tuhamie WhatsApp” au “usimwambie mama”, mazungumzo yake yamekwisha papo hapo.

Saba, mtoto ajue mwenyewe kunyamazisha, kuzuia na kuripoti. Tulimfanyisha mazoezi kwa kumzuia mjomba wake, kisha kumfungulia. Alicheka, na huo ulikuwa mwanzo wa moyo wake kutulia.

Hodi imerudi

La nane halimo katika simu. Dada yangu ndiye aliyelibuni, nami naliona kuwa bora ya yote. Mtoto hafungui maikrofoni mpaka asimame pale sebuleni aseme kwa sauti, “Nafungua sauti!” Mama akiwa na wageni hujibu, “Subiri,” na mtoto husubiri. Akiwa tayari hujibu, “Karibu.” Na baada ya isha sauti haifunguliwi kabisa, kwani wakati huo ni wa nyumba yenyewe.

Sasa Jumamosi baada ya alasiri binamu hukutana, watatu Mombasa na mmoja Kasikeu, mpaka karibu na magharibi. Mtandao wa vilimani hukatika, maneno hufika nusu, na wale wa Mombasa humcheka kwa kuwa Kiswahili chake kimeanza kuwa na lafudhi ya Kikamba. Amepata pia rafiki wa mtaani, ambaye hucheza naye mpira wa miguu yake mwenyewe.

Siwezi kusema kwamba yote yamekwisha. Mama yake ananiambia kwamba simu ikitoa sauti ya ghafula usiku, mtoto hushtuka. Nilimwomba radhi mbele ya wazazi wake, mimi niliyezoea kuwahutubia watu juu ya amana. Nilimwambia kwamba aliyebonyeza bila ya kusoma ni mjomba wake, na kwamba siku nyingine akiogopa jambo, aje kwangu kwanza, nami sitachukua simu yake kabla sijamsikiliza.

Jioni hii, ndugu zangu, mwambieni mtoto awaonyeshe mchezo wake. Msimpokonye. Ketini naye, mfungue mipangilio, mwulize: ni nani anayetusikia hivi sasa? Akijua jibu, mshukuruni Mwenyezi Mungu. Asipojua, litafuteni pamoja kabla ya isha.

Mwenyezi Mungu azihifadhi nyumba zetu, awasitiri mama zetu, na awakuze watoto wetu katika amani. Wassalaamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh.